Sekunde Kumi na Moja za Hamdani

Ukitaka kumwona Hamdani katika picha yoyote, usiangalie katikati. Katikati yuko Twahir na tumbo lake, na ile kofia nyekundu inayowachekesha watu kabla hajafungua mdomo. Wewe angalia pembeni. Yule mwembamba aliyebeba ngazi, yule polisi anayevukwa na suruali, yule shemeji anayebamiziwa mlango usoni, huyo ndiye Hamdani. Miaka kumi na tisa, vichekesho arobaini na kitu vilivyotengenezwa hapa Gisenyi na kutazamwa Rubavu nzima, Goma yote, mpaka Bukavu, na katika vyote yuko pembeni. Na katika vyote ameanguka.

Msidhani kuanguka ni kazi ya kila mtu. Mwambie jirani yako aanguke sasa hivi, uone. Atatanguliza mkono, atafumba macho, atatafuta pa kukalia. Hamdani alijifunza akiwa kijana, kutoka kwenye kanda moja aliyoinunua soko la Goma, picha za Kiingereza za zamani mno, nyeusi na nyeupe, bila sauti, ambamo watu hutembea haraka haraka kama wamebanwa na haja. Wenzake walimtazama stelingi. Yeye alimtazama jamaa mmoja wa nyuma, mwenye masharubu ya kuchorwa, ambaye kila mara hupigwa na ubao na kwenda chini. Jina la jamaa huyo halikuandikwa popote. Hamdani alirudisha kanda mpaka ikakatika, kisha akatoka nje akaanza kujiangusha kwenye mchanga wa ziwani hadi mama yake akafikiri amerogwa.

Alipokwisha kuiva, anguko lake lilikuwa hivi. Anasimama wima, macho yanamtoka, halafu mwili mzima unashuka mara moja kama gunia la viazi lililoachiliwa. Akiwa chali, mguu wa kulia unapiga teke moja hewani, wa kushoto unapiga la pili, basi. Mateke mawili, si matatu. Watoto wa mtaa wa Mbugangari walianguka hivyo njiani wakitoka shule, na mama zao wakamlaani kwa ajili ya sare zilizojaa vumbi.

Siku zisizo za kuigiza alikuwa fundi nguo. Cherehani yake ilikaa kwenye baraza moja na meza ya vitenge ya mkewe Nadra, na wateja walipokuja kupimwa walimwomba aanguke kidogo. Alikataa kwa heshima. Anguko lake lilikuwa la kamera.

Muongozaji wao, Callixte, alikulia Tanzania akarudi na Kiswahili kilichonyooka na sheria moja isiyo na huruma. Kamera ikiwaka, hakuna kiumbe kupita mbele yake, na hakuna kuinuka, mpaka yeye aseme kata. Siku moja Hamdani alikuwa amelala chali kwenye barabara ya Rugerero mvua ikashuka. Wote wakakimbilia kibandani, Callixte akasahau neno lake. Nusu saa baadaye walipotazama, jamaa alikuwa palepale, maji yakimwingia masikioni. Kisa hicho kilisimuliwa harusini na misibani, na Hamdani alikifurahia kuliko sifa nyingine yoyote.

Kitu kimoja tu alikiomba. Alitaka picha yake peke yake. Uso wake, karibu, bila bega la Twahir wala ngazi ya mtu.

"Sekunde kumi tu," alimwambia Callixte kila filamu ilipoanza.

"Filamu ijayo," Callixte alijibu kila filamu ilipoanza.

Twahir alikuwa akisikia, maana walikuwa pamoja tangu madrasa, wakichapwa kwa fimbo moja. Alicheka bila ubaya. "Mupe, Callixte. Mupe picha yake huyu mutu, atakufa nayo ku roho."

Sasa ni lazima yasemwe ya mawe. Kule Busasamana, karibu na mpaka, mlima wa moto ulikwisha kumwaga mawe yake meusi tangu enzi za kale, na kati ya mawe hayo kuna mashimo yenye ukubwa wa chumba. Katika baadhi ya mashimo hutoka mazuku. Si jini, ingawa yamewatia wengi kaburini. Ni hewa mbaya ya ardhini, haina rangi, nzito, inalala chini kama maji ndani ya beseni. Ukisimama, kichwa chako kiko juu yake na hujui lolote. Ukilala, umelala. Jua likipanda na upepo ukivuma hutawanyika, kwenye asubuhi tulivu hurudi tena.

Mukandori, bibi yake Hamdani mzaa mama, alipoteza mbuzi wanne katika shimo moja kabla ya chai ya asubuhi. Ndiye aliyemfundisha mjukuu wake kuwasha njiti ya kiberiti na kuishusha polepole mpaka chini. Ikiendelea kuwaka, kaa. Ikizimika, toka, na uwatoe wote. Bibi aliirudia sana hiyo sehemu ya mwisho, kuwatoa wote, kwa sababu mtoto aliyechunga wale mbuzi alikimbia peke yake akaacha mbuzi.

Callixte aliyapenda mawe yale meusi, maana kwenye kamera yalionekana kama nchi nyingine. Walikwenda mara nyingi. Na kila mara, kabla ya kuanguka, Hamdani alishuka shimoni kwanza, akawasha njiti, akaishusha pale kichwa chake kitakapolala. Wenzake walimwita Papa Kiberiti. Walimtania, lakini angalieni jambo hili, kwa kuwa yeye alipima, wao hawakupima. Miaka ilipita, na ule mchezo wa njiti ukawa ndio kinga ya kundi zima bila mtu kutamka. Hamdani akitoka shimoni bila kusema neno, maana yake ni salama, ingia.

Mwaka jana, mwezi wa nne, walikuwa wakitengeneza kichekesho cha mwanamume anayejifanya amekufa ili asiende kujitambulisha kwa wakwe. Twahir ndiye marehemu. Hamdani ni mchimba kaburi anayemkuta marehemu akila ndizi, anaanguka. Na safari hii Callixte alikuwa ametoa ahadi kwa mdomo wake, kwamba baada ya anguko kamera itasogea mpaka kwenye uso wa Hamdani, peke yake. Nadra alimnyooshea shati jeupe siku tatu kabla. Hamdani alijitazama kwenye kioo cha wateja, akikunja uso, akiukunjua.

Hakujua kilichotokea Goma wiki mbili nyuma. Twahir alialikwa harusini kama mgeni wa heshima, akapanda jukwaani na kofia yake, na watu badala ya kushangilia wakaanza kupiga kelele, "Muangukaji iko wapi? Tunataka muangukaji!" Twahir alicheka nao, lakini alirudi nyumbani akiwa ameumia, na asubuhi yake alikwenda kwa Callixte.

Walifika Busasamana mapema, ukungu haujaondoka, kwa sababu Callixte aliutaka ukungu wenyewe. Mvua ilikuwa imenyesha siku tatu. Hakukuwa na upepo hata wa kutikisa jani. Cyuzuzo, yule dada anayeshika kamera na baadaye kuzikata picha kwenye kompyuta, alikuwa akihangaika na mwanga. Hamdani alishuka shimoni na shati lake jeupe.

Akawasha njiti, akaishusha. Ilipofika magotini ikazimika, bila moshi, kana kwamba mtu ameibana kwa vidole. Akawasha ya pili. Magotini, ikazimika. Ndipo alipoona, kando ya jiwe, ndege mdogo amelala ubavu, na mdudu hata mmoja hayuko juu yake. Akainua kichwa kuwaambia.

"Toka hapo, Hamdani," Callixte akasema kutoka juu, kabla mwenzake hajatamka neno. "Leo anaanguka Twahir. Na ile picha ya uso itakuwa yake. Hadithi inakaa vizuri zaidi hivyo. Wewe shika koleo, simama nyuma."

Twahir alikuwa akitazama viatu vyake. "Ni leo tu, ndugu yangu. Batu banaipenda sana ile kuanguka. Mi nijaribu, tuone."

Maneno yalikuwa tayari mdomoni mwa Hamdani. Yalikuwa mawili tu, iko mazuku. Aliyashika. Alihisi miaka kumi na tisa yote imepanda mara moja, na anguko lake, kitu pekee alichokuwa nacho duniani ambacho si cha mtu mwingine, linavuliwa mbele ya macho yake kama koti. Akazitia njiti mbili mfukoni. Akapanda juu, akachukua koleo, akasimama nyuma.

Alijiambia Twahir atakohoa. Atakohoa, atatoka mbio na kofia mkononi, watu watacheka, na Callixte atakiri kuwa kuanguka ni kwa Hamdani. Hakumtakia kifo, alimtakia aibu. Na hapo ni vigumu kumtetea, maana yeye peke yake kati ya wote alijua kwamba mazuku hayakohozi mtu.

Twahir akashuka. Akasimama wima, akatoa macho, akaenda chini mara moja, vizuri, vizuri kabisa, mpaka Hamdani akachomwa na wivu hata katika saa ile. Mguu wa kulia ukapiga teke. Wa kushoto ukapiga. Cyuzuzo akajiziba mdomo asicheke. Kisha mguu wa kulia ukapiga tena, na wa kushoto, na wa kulia, matatu, manne, matano, na Callixte akawa anatikisa kichwa kwa furaha.

Hamdani aliyahesabu. Koleo likamtoka mkononi. "Muache! Iko mazuku! Twahir iko nakufa!"

Akaruka mbele, na Callixte akamdaka shati. "Rudi nyuma! Unaharibu picha! Wivu gani huu, mtu mzima?"

"Si wivu! Niache, niache!"

"Anaigiza! Huoni anaigiza?"

Ni nani angemwamini? Wote walikuwa wamemwona dakika mbili zilizopita akitoka mle shimoni kimya. Walishikana pale juu ya mawe, mwembamba na muongozaji wake, mpaka mshono wa bega ukaachia, na Callixte akabaki na mkono wa shati. Hamdani alivuta pumzi moja kubwa, akafunga mdomo, akashuka. Twahir alikuwa mzito. Alimkamata kwapani, akamburuta, akateleza, akamburuta tena, masikio yakimlia, mpaka Callixte alipouona uso wa Twahir umegeuka rangi ndipo akapiga yowe na kunyoosha mikono kutoka juu.

Twahir alikaa hospitali siku kumi na sita. Hakufa. Lakini aliyerudi nyumbani si yule aliyekwenda Busasamana. Ubongo ulikosa hewa, daktari alisema, na sasa maneno yalimkimbia. Alishika kikombe akakitafutia jina. Alianza kisa akakiacha njiani, akatabasamu kama mgeni aliyepotea nyumba. Kofia nyekundu ilitundikwa msumarini.

Na Hamdani akawa shujaa. Baada ya swala ya Ijumaa wazee walimpa mkono mmoja mmoja. Nadra aliwasimulia wateja wote, akipima kitenge huku akionyesha jinsi mumewe alivyovuta pumzi. Twahir mwenyewe, siku ya kwanza aliyoweza kutembea hadi barazani, alimkumbatia mbele ya watu. "We ndiye... we ndiye ulinitoa," akasema, na machozi yakamshuka. Hamdani alisimama ndani ya mikono ile akiwa ameganda. Alijichukia kiasi kwamba aliogopa mwenzake atausikia moyo wake.

Callixte naye akaja, macho chini. Kosa lilikuwa langu, alisema, ulipiga kelele nikakushika. Filamu ijayo stelingi ni wewe. Hamdani angeweza kukataa. Hakukataa, na hilo nalo lisemwe. Bango likachapwa, uso wake mkubwa kama sinia, likabandikwa njia nzima ya kwenda mpakani, na kila alipopita alitembea upande wa pili.

Nyumbani Nadra aligundua jambo dogo. Mumewe hagusi kiberiti. Jiko likizimika anamwita yeye. Mshumaa ukihitajika anakaa gizani. "Baba Rayhana, una nini na moto?" alimuuliza. Akasema macho yanamuuma. Zile njiti mbili zilikuwa bado kwenye mfuko wa suruali ile, na suruali ile hakumpa mtu aifue.

Miezi miwili ikapita. Jumanne moja Cyuzuzo alikuja barazani, akangoja Nadra aende msikitini kwa darsa la akina mama. Akavuta kigoda karibu na cherehani.

"Papa Rayhana, niko na picha yako. Uko peke yako ndani."

Hamdani alisahau kila kitu. Ndivyo mwanadamu alivyo, alifurahi. "Peke yangu? Uso unaonekana?"

"Unaonekana muzuri. Sekunde kumi na moja." Alikuwa akitazama mikono yake. "Ni ya Busasamana. Kamera ilikuwa inawaka, niko napima mwanga. We uko mu shimo na kiberiti."

Mguu wa Hamdani ukasimama juu ya cherehani. Aliona shati jeupe ambalo bado halijakamilika mbele yake, na sindano imekwama katikati ya kola.

"Nani ameiona?"

"Mimi tu. Lakini Twahir anasema anataka kuona yote, toka mwanzo. Anakuja kwangu Jumamosi, saa nne." Akashusha sauti. "Sema neno moja, nakata. Sitaambia mutu."

Neno moja. Lakini akisema kata, atakuwa amesema kuna cha kukatwa, na binti huyu, ambaye mpaka sasa labda haelewi alichokiona, ataelewa. Ndivyo alivyojidanganya. Alimtazama usoni, akaona kwamba anaelewa toka siku nyingi.

"Sina cha kukata," akasema.

"Bon, sawa," Cyuzuzo akajibu, akainuka. Alimtazama kwa huruma, na huruma ile ilimuuma kuliko tusi.

Siku nne hazikupitika. Jumatano alikwenda mpaka mlangoni kwa Cyuzuzo akarudi. Alhamisi alirefusha suruali ya mteja aliyetaka ipunguzwe. Ijumaa alisali nyuma kabisa, karibu na viatu, akatoka kabla wazee hawajampa mkono. Jumamosi aliamka na azma ya kufika mapema, kabla ya Twahir, aseme hilo neno. Akatoka nyumbani saa mbili badala ya saa nne.

Twahir alikuwa amekwisha kufika. Alikaa kwenye kigoda mbele ya kompyuta, mgongo wima kama mtoto wa darasa la kwanza, na kichwani alivaa ile kofia nyekundu. Alikuwa hajaivaa tangu siku ile. Alipomwona Hamdani alipiga kiti cha pembeni kwa kiganja. "Kuja, kuja. Kaa hapa. Tujione."

Cyuzuzo akabonyeza.

Ukungu. Mawe. Kisha Hamdani alijiona, katikati ya picha, hakuna ngazi, hakuna bega la mtu. Njiti ikawaka, ikashuka, ikafa. Ya pili ikawaka, ikashuka, ikafa mahali palepale. Uso wake ulikuwa karibu kuliko alivyowahi kuota, kila kunyanzi linaonekana. Aliona macho yake yakimwona ndege. Aliona mdomo ukifunguka. Sauti ya Callixte ikasikika kutoka nje ya picha, toka hapo, leo anaanguka Twahir. Mdomo ukafunga. Mkono ukazitia njiti mfukoni. Na kisha, mwisho kabisa, kabla hajageuka, kilikuja kitu ambacho hakukijua, ambacho hata katika miezi miwili ya kujitesa hakukikumbuka. Alitabasamu. Kidogo tu, upande mmoja wa mdomo.



"Rudisha," Twahir akasema.

Cyuzuzo akarudisha. Twahir akatazama. "Rudisha." Akatazama tena, ameinama karibu na kioo, midomo ikitembea. Kila mtu aliyezaliwa huku anajua njiti ikizimika ni nini, na hilo mazuku hayakumfutia. Polepole akaivua kofia, akaiweka magotini.

"Njiti," akasema. Neno lilimchukua muda kulipata. "Njiti ilizimika."

"Ilizimika," Hamdani akasema.

"Mara mbili."

"Mara mbili."

Hamdani alitaka kusema zaidi. Alitaka kusema alimtakia aibu tu, kwamba alimburuta, kwamba alijaribu. Twahir hakumtazama. Alikuwa akiitazama picha iliyosimama kwenye kioo, ile sura nyembamba na tabasamu lake la upande mmoja, na alionekana kama mtu anayetafuta jina la kitu alichokuwa akikijua vizuri.

Cyuzuzo alishika kipanya cha kompyuta. Aliuliza kwa sauti ndogo, akimtazama Hamdani, "Nikate, ao niiache?"

Aliyejibu ni Twahir, na safari hii maneno yalimjia yote bila kutafutwa.

"Iache. Miaka yote huyu mutu iko naomba picha yake peke yake. Mupe."